Samli, Pishi na Mshahara: Jiko la Familia ya Kihindi katika Kazi Nne za Sanaa

Familia ya Kihindi imekwisha kupata sura yake katika vitabu vya shule na katika mazungumzo ya wasomi. Ni familia kubwa, yenye wazee, wana, wakaza-wana na wajukuu chini ya paa moja, inayoshika mila na kuheshimu umri. Msomaji wa Kongo huipokea sura hiyo kwa furaha, kwa sababu anaona ndani yake nyumba ya babu yake mwenyewe. Furaha hiyo ndiyo inayostahili kutiliwa shaka. Kazi zilizo bora za sanaa ya Bara Hindi kuhusu jambo hili hazikutungwa kwa kuisifu nyumba ile. Zilitungwa na watu walioijua kwa ndani, waliojua nani hula kwanza na nani husubiri makombo, na waliojua kwamba neno «umoja» huwa na uzito mmoja katika kinywa cha baba wa nyumba na uzito mwingine katika kinywa cha bibi arusi aliyeletwa jana.

Kazi nne zitapimwa hapa. Ya kwanza ni Indulekha, riwaya ya O. Chandu Menon iliyotoka mwaka 1889 kwa lugha ya Kimalayalam. Ya pili ni hadithi fupi ya Premchand, Bade Ghar ki Beti, yaani Binti wa Nyumba Kubwa, ya mwaka 1910. Ya tatu ni Pather Panchali, riwaya ya Kibengali ya Bibhutibhushan Bandyopadhyay ya mwaka 1929, ikisomwa pamoja na filamu ambayo Satyajit Ray aliitengeneza kutokana nayo mwaka 1955. Ya nne ni Mahanagar, yaani Jiji Kubwa, filamu nyingine ya Ray, ya mwaka 1963. Lugha ni tatu na nchi zenyewe zimeachana kwa mwendo mrefu, na jambo hilo ni onyo la kutosha: familia ya Kihindi si moja, kama vile familia ya Kikongo si moja.

Yafaa kwanza kueleza jinsi nyumba hiyo inavyokwenda. Katika nchi za kaskazini na katika Bengal, wana wa kiume hubaki kwa baba yao, wake zao huletwa humo, nao mabinti huondoka. Kipimo cha umoja wao si paa, ni jiko. Wanaokula katika chungu kimoja ndio nyumba moja. Siku ndugu wanapoachana, moto wa kupikia ndio unaotengwa kwanza, ukuta huja baadaye. Katika riwaya yake kubwa Godan, ya mwaka 1936, Premchand alionyesha ndugu watatu wakulima waliokwisha kugawana, na jinsi husuda ya ndugu mmoja ilivyofika hata kumtilia sumu ng'ombe wa kaka yake. Sheria ya zamani nayo ilikuwa na njia mbili. Kwa kufuata njia ya Mitakshara, mtoto wa kiume alikuwa na fungu katika mali ya ukoo tangu kuzaliwa kwake. Kwa njia ya Dayabhaga, iliyotawala Bengal, alipaswa kungoja kifo cha baba. Binti hakuwa na haki hiyo ya kuzaliwa katika nchi nzima mpaka sheria ya mirathi ya mwaka 1956 iliporekebishwa mwaka 2005. Kwa hiyo, katika miaka ya kazi hizi zote nne, mwanamke wa kaskazini aliingia katika nyumba ya mumewe akiwa mtu wa kulishwa, naye ndiye aliyewapikia wote.

Mila za kila siku zilifuata mpango huo. Mkaza-mwana aliwaandalia wanaume na watoto, akamhudumia mavyaa, kisha akala yeye mwisho kilichobaki. Alijifunika kichwa mbele ya baba mkwe na mbele ya kaka mkubwa wa mume. Jina la mume hakulitaja. Alimwita kwa jina la mtoto, «baba wa Fulani», desturi ambayo haihitaji kufafanuliwa kwa mtu yeyote wa Lubumbashi au wa Bukavu.

Premchand aliujenga mgogoro wa hadithi yake juu ya samli. Benimadhav Singh ni mwenye ardhi ambaye utajiri wa ukoo wake umekwisha. Mwanawe mkubwa, Shrikanth, ana shahada, anafanya kazi mjini na kurudi nyumbani siku ya Jumamosi. Mdogo wake, Lal Bihari, ni kijana mwenye kifua kipana anayependa kula vizuri. Mke wa Shrikanth, Anandi, ametoka katika nyumba ya kitajiri. Siku moja Lal Bihari analeta ndege wawili wapikwe. Anandi anatazama katika chombo cha samli na kukuta robo ya seri, yaani kama gramu 230. Hakulelewa kwa kuhesabu. Anaitia yote katika nyama. Shemeji anapoketi kula anakuta dengu hazina samli, anauliza, anajibiwa, anaitukana nyumba ya wazazi wa mwanamke. Anandi naye hawezi kulinyamazia tusi hilo, anarudisha. Na kijana anamrushia mtalawanda wake, kile kiatu kizito cha mti. Anandi anajikinga kwa mkono. Kichwa kinapona, kidole kinaumia.

Hapo pana ustadi ambao wahakiki wa kusifu mila huupita bila kuuona. Mwandishi angeweza kuwagombanisha watu hawa kwa sababu ya shamba au mahari. Alichagua gramu 230 za samli, kwa maana alijua kwamba nyumba ya pamoja haivunjwi na mambo makubwa. Mambo makubwa yana wazee wa kuyaamua, na mambo ya chungu hayana baraza. Tena alimfanya Shrikanth awe mtetezi mashuhuri wa familia ya pamoja, mtu anayewalaumu wanawake wasiotaka kuishi na wakwe zao. Jumamosi inapofika, mtetezi huyu anamsikiliza mdogo wake kwanza, kisha baba yake, na wote wawili wanamlaumu Anandi. Baadaye anaingia chumbani, anauona ukweli, na asubuhi yake anamwambia baba kwamba hawezi kukaa tena katika nyumba hiyo. Nadharia nzima imeanguka kwa kidole kimoja. Majirani, ambao siku nyingi walitamani kuiona nyumba ile ikipasuka, wanaanza kupita mmoja mmoja, huyu kwa kisingizio cha tumbaku, yule kwa kisingizio cha kuonyesha stakabadhi ya kodi ya shamba. Ni mistari michache, lakini ndiyo iliyo hai kuliko yote katika hadithi.

Mwisho wake hauna nguvu hiyo. Lal Bihari analia mlangoni na kuazimia kuondoka, Anandi anatoka, anamshika mkono, anamrudisha, ndugu wanakumbatiana, na mzee anatangaza kwa furaha kwamba binti wa nyumba kubwa ndivyo walivyo, wanaweza kutengeneza kilichoharibika. Vizazi vya walimu vimeufundisha mwisho huu kama somo la subira ya mke mwema. Lakini itazamwe hesabu. Aliyepigwa ndiye aliyesamehe, tena kabla ya kuombwa vya kutosha. Mzee, aliyekuwa upande wa mpigaji, haombi radhi hata kwa neno moja; anatoa sifa, na sifa hiyo haimwendei Anandi mwenyewe, inauendea ukoo uliomzaa. Hakuna aliyeuliza kama samli itakuwa ikinunuliwa zaidi, au kama mkaza-mwana ataanza kuambiwa kiasi kilichobaki. Kesho chungu ni kilekile. Premchand alikuwa mwandishi mwenye macho makali mno asiyeweza kutojua jambo hilo. Miaka 26 baadaye, katika Godan, hakumpatanisha mtu yeyote kwa urahisi namna hiyo. Basi hadithi hii isomwe kama kazi ya kijana aliyekwisha kuuona ugonjwa na ambaye bado hakuthubutu kuutaja mpaka mwisho. Kuifundisha kama mfano wa dawa ni kumdhulumu mwandishi.

Kuna tatizo jingine, nalo ni la lugha. Mtu akitaka kuieleza hadithi hii kwa Kiswahili husema, kama ilivyosemwa hapa, kwamba «shemeji» alimrushia kiatu. Neno hilo ni sahihi, na limepoteza nusu ya habari. Kihindi hakina «shemeji» wa jumla. Mdogo wa mume huitwa «devar», naye huruhusiwa utani na ukaribu na mke wa kaka yake. Kaka mkubwa wa mume huitwa «jeth», na mbele yake mwanamke hufunika uso na kupunguza sauti. Lal Bihari ni devar. Ndiyo sababu anaingia jikoni, anaagiza ndege wake, anaketi akabishana. Na ndiyo sababu pigo lake ni aibu ya namna ya pekee, kwa maana limetoka kwa mtu wa pekee ndani ya nyumba ile ambaye mila ilimpa mwanamke awe rafiki yake. Msomaji wa «shemeji» huona ukali wa kijana. Msomaji wa «devar» huona usaliti.

Wanafunzi wa Kongo, ambao aghalabu huzifikia kazi hizi kupitia Kifaransa, wako katika hali mbaya zaidi, kwani «belle-sœur» humeza pamoja dada wa mume, mke wa kaka, mke wa ndugu wa mume na dada wa mke. Kiswahili angalau kina wifi. Kina pia mkaza-mwana, mkaza-mjomba, mavyaa na mwanyumba, maneno ambayo kamusi inayo na ambayo watu wa mijini wanayaacha yafe. Katika miji ya Kongo «tantini» husikika mahali pa shangazi na mahali pa mama mdogo vilevile. Mfasiri wa kazi ya Kihindi angeyahitaji yote, wala asingetosheka. Wake wa ndugu wawili, wanaoshirikiana moto mmoja tangu alfajiri, huitwa huko «jethani» yule mkubwa na «devrani» yule mdogo, na ugomvi wa jikoni nusu yake ni wa hao wawili. Kiswahili sanifu hakina jina lao.

Pather Panchali inampa mwanaisimu mchezo wa ajabu. Katika Kibengali «dada» ni kaka, «kaka» ni baba mdogo, na «mama» ni mjomba. Asiyetahadhari atauvuruga ukoo mzima kabla ya kufika ukurasa wa pili. Shangazi naye huitwa «pishi». Ni sadfa tupu ya sauti, wala isijengewe nasaba yoyote. Hata hivyo msomaji wa Kiswahili, ambaye pishi kwake ni kipimo cha zamani cha nafaka, hawezi kulisikia neno hilo katika kazi hii bila kushtuka, kwa maana swali lote la sehemu yake ya kwanza ni kiasi gani cha chakula kinaweza kutolewa kwa pishi.

Pishi huyu ni Indir Thakrun, mwanamke mkongwe, mjane, ndugu wa mbali wa Harihar. Riwaya inasimulia kwamba aliolewa na Brahmini wa daraja ya juu ambaye alionekana kwake mara chache sana, kama ilivyokuwa kwa wanaume wa daraja hiyo waliooa wake wengi na kuwaacha kwa wazazi wao. Mjane wa tabaka hilo katika Bengal alivaa nguo nyeupe na kujinyima samaki na nyama mpaka kufa. Sheria ilimruhusu kuolewa tena tangu mwaka 1856, lakini sheria ilikuwa mjini na Indir alikuwa kijijini. Hana mume, hana mtoto, hana fungu. Ana busati, chungu, na nafasi katika kibanda kilichobomoka upande wa ua. Harihar ni padri na mtu wa ndoto, anayeondoka kutafuta kazi na kukawia miezi. Mkewe Sarbajaya ndiye anayebaki na watoto wawili, Durga na Apu, na gudulia lisilo na mchele wa kesho.

Ukubwa wa filamu ya Ray uko katika kumtendea haki Sarbajaya. Mtunzi dhaifu angemfanya kuwa mke mwovu anayemfukuza bibi kizee, na watazamaji wangelia kwa raha. Karuna Banerjee anamwigiza kama mwanamke anayehesabu. Durga anaiba mapera katika bustani iliyokuwa mali yao kabla ya kuchukuliwa kwa deni, anamletea pishi. Kwa bibi ni upendo, kwa mama ni aibu itakayoletwa mlangoni na jirani mwenye bustani. Bibi anapata shuka kwa mtu wa nje; kwake ni kinga ya baridi, kwa Sarbajaya ni kuambiwa na kijiji kizima kwamba nyumba yake haiwezi kumvika mzee wake. Kila neno kali la Sarbajaya lina sababu, na kila moja linaua kidogo. Mwisho bibi anarudi mgonjwa akiomba kukaa, anakataliwa, anaomba maji, anakunywa, na maji yaliyobaki anaumwagia mche mdogo. Kisha anakwenda kufia katika mianzi, ambako watoto wanamkuta.

Hapa riwaya na filamu zinaachana, nalo ni jambo la kuamuliwa, si la kupitwa. Katika kitabu Indir hufa mapema, mwandishi akaendelea na mambo mengine. Ray alimbakiza mpaka Apu awe mtoto mwenye kuona na kufahamu. Badiliko hili lina faida kubwa kuliko uaminifu kwa kitabu. Linamfanya mtoto awe shahidi: Apu anajua, bila kuambiwa na mtu, kwamba katika nyumba ya ukoo mzee anaweza kufa kwa kukosa ruhusa ya kukaa. Zaidi ya hayo Chunibala Devi, mwigizaji wa zamani wa jukwaani aliyekuwa na umri wa karibu miaka 80, alimpa bibi huyu ujanja na ulafi na kicheko. Si mfano wa mateso. Ni mtu anayependa kula. Wahakiki wa Ulaya walioisifu filamu hii kwa «ubinadamu» wake, na tamasha la Cannes lililoipa mwaka 1956 tuzo kama hati bora ya kibinadamu, walisema kweli, lakini neno hilo ni pana mno. Filamu hii ina jambo dogo na gumu zaidi: inaonyesha kwamba ukarimu wa familia pana una bei, na kwamba bei hiyo hulipwa na mwanamke anayesimama karibu na gudulia, wala si na mwanamume anayeahidi kwamba mambo yatakuwa mazuri. Tafsiri ya Kifaransa ya riwaya, iliyofanywa na France Bhattacharya na kutolewa Paris mwaka 1969, inafaa kuwekwa mkononi mwa kila mwanafunzi anayesema kwamba Afrika na Asia hazijui mzee aliyeachwa.

Ni kinyume kabisa katika Indulekha, na ndiyo sababu riwaya hiyo imeingizwa hapa ijapokuwa kwa ufundi iko nyuma ya nyingine. Wanayar wa pwani ya Malabar walifuata ukoo wa mama. Mwanamke hakuletwa katika nyumba ya mume. Alibaki katika «taravad», nyumba kuu ya ukoo wake, mume akawa mgeni wa kuja na kwenda, na mali ikashikwa na mwanamume mkubwa wa ukoo, «karanavan», kwa niaba ya dada zake na watoto wao. Msomaji Mbemba au Mlamba hahitaji maelezo. Msomaji Mluba itampasa asome polepole. Ugomvi unaoifungua hadithi ni juu ya kijana mmoja wa ukoo ambaye Madhavan, msomi wa Madras, anataka apelekwe shule, na ambaye mzee Panchu Menon hataki kumlipia. Mzee anakasirika, anaapa kwamba Indulekha hataolewa na Madhavan. Kuna watu wangapi katika Katanga ambao maisha yao yaliamuliwa siku mjomba alipokataa karo?

Indulekha mwenyewe anajua Kiingereza, anasoma, anamcheka hadharani Suri Nambudiri, Brahmini tajiri na mpumbavu aliyeletwa amposee. Kwa mwaka 1889 ni mwanamke wa kushangaza, na wengi wameisifu riwaya kwa ajili yake. Wachache wamemtazama Kalyanikutty. Brahmini, akiona aibu ya kurudi mikono mitupu, anapewa msichana huyu wa nyumba ileile, kimyakimya, usiku mmoja, na msomaji anategemewa kucheka kwa jinsi mjinga yule alivyotulizwa. Msichana hasemi kitu. Riwaya iliyoandikwa kutetea hiari ya mwanamke inampa hiari mwanamke mmoja na kuilipa kwa mwingine. Huo ni ufa, na ufa mkubwa. Unaonyesha pia kwamba ukoo wa mama, ambao baadhi ya wasomi hupenda kuutaja kama uhuru wa mwanamke, uliweza kumtoa binti wake kama sahani ya mgeni. Jimbo la Kerala liliufuta kisheria mfumo wa familia ya pamoja ya Wahindu kwa sheria ya mwaka 1975. Taravad nyingi zilikuwa zimekwisha kugawanyika kabla.

Mahanagar inatoka kijijini na kuingia katika nyumba ya kupanga ya Calcutta, yenye vyumba vidogo ambamo hakuna anayeweza kukasirika bila wote kujua. Subrata ni karani wa benki. Anaishi na wazazi wake, dada yake mdogo, mkewe Arati na mtoto wao. Mshahara mmoja hautoshi. Arati anapata kazi ya kuuza mashine za kufuma nyumba kwa nyumba, na baba mkwe Priyogopal, mwalimu mstaafu, ananyamaza. Hamkemei mtu; anaacha kusema na mwanawe. Katika familia iliyojengwa juu ya heshima, kimya cha mzee ni adhabu kuliko fimbo. Huku akikataa kwa fahari fedha ya mkaza-mwana, anazunguka kwa wanafunzi wake wa zamani, ambao sasa ni wakubwa wa mji, akiwaomba, kwa lugha ya baraka, miwani na vijisenti. Hakuna onyesho la uchungu kuliko hilo katika filamu yote. Mila inayomkataza kulishwa na mwanamke wa nyumba yake haikumkataza kuwa ombaomba mlangoni pa watu.

Ray hapa amefanya jambo ambalo Premchand wa mwaka 1910 hakulifanya: amebadilisha hesabu ya jiko. Mkaza-mwana aliyekuwa mtu wa kulishwa amekuwa mlishaji. Arati, kwa uigizaji wa Madhabi Mukherjee, anajitazama katika kioo akiwa na noti za mshahara wake wa kwanza mkononi, na uso wake hauna ushindi wala kiburi. Una mshangao wa mtu aliyekutana na nafsi yake. Mume, aliyemhimiza mwenyewe aende kazini, anaanza kuona wivu, anamtaka ajiuzulu. Na siku ileile ambayo barua ya kujiuzulu iko tayari, benki yake inafilisika, naye anakimbilia simu kumwambia asiitoe. Kejeli hii ingekuwa nyepesi mikononi mwa mtunzi mwingine. Ray anaiokoa kwa kutomcheka Subrata. Si mtu mbaya. Amelelewa kuwa nguzo, na nguzo imekatwa.

Kuna wanaosema kwamba mwisho wa filamu hii ni laini mno. Arati anaacha kazi kwa hiari yake, kwa sababu mwenzake Edith, msichana wa damu ya Kiingereza na Kihindi, amefukuzwa kwa dhuluma. Sasa mume na mke wote hawana kazi, nao wanatoka wakiwa wamepatana, wakitumaini kwamba katika jiji kubwa namna hiyo kazi haitakosekana kwa mmojawao. Lawama hiyo ina haki kwa sehemu. Matumaini yao yanakuja haraka, na Edith, ambaye ndiye aliyefukuzwa, anatoweka katika hadithi kama Kalyanikutty alivyotoweka katika ile nyingine. Lakini tendo la Arati halina mfano katika kazi tatu zilizotangulia. Anandi alitetea heshima ya nyumba ya baba yake, Sarbajaya heshima ya nyumba ya mumewe, Indulekha moyo wake mwenyewe. Arati anapoteza chakula cha watu sita kwa ajili ya mtu asiye wa ukoo wake, wa dini wala wa lugha yake. Mfasiri atakayeiandikia filamu hii maneno ya Kiswahili atatafuta jina la uhusiano huo katika orodha yote ya wifi, mkaza-mwana na mavyaa, asilipate. Itambidi aandike «rafiki», neno lililotoka nje ya nyumba.

Kamera inapanda, inawaacha wawili hao katika umati wa wanaorudi makwao, na kusimama kwenye taa ya barabarani yenye balbu mbili, moja ikiwaka na nyingine ikiwa imezimika. Filamu haionyeshi wakifika. Haionyeshi mzee akiwa na miwani yake mipya, wala mama mkwe akingoja jikoni, wala ni nani kati yao atakayeanza kusema, wala nini kilipikwa usiku ule.